Mtoto Asiye na Uraia na Sauti ya Norway

Jina la Jan Garbarek likitajwa mbele ya wapenzi wa jazi wa Ulaya, hazipiti sentensi mbili kabla mtu hajataja theluji. Wamezoea kusema kwamba saksafoni ya Mnorway huyu ni sauti ya barafu, ya milima na ya mikono ya bahari iliyopenya kati ya majabali. Kwamba alizaliwa nayo, imo katika damu yake na katika ardhi ya kwao. Nimepuliza saksafoni katika bendi za hoteli za Pwani, kuanzia Malindi hadi Diani, tangu ujana wangu, na maneno hayo nimeambiwa na wageni wengi wenye nia njema. Sikubaliani nayo. Yanafunika jambo lililo kubwa kuliko theluji.

Garbarek alizaliwa tarehe 4 Machi 1947 katika mji mdogo wa Mysen, kusini-mashariki mwa Norway, na kwa miaka saba ya kwanza ya maisha yake hakuwa raia wa Norway. Hakuwa raia wa nchi yoyote. Baba yake, Czesław Garbarek, alikuwa Mpolandi, mfungwa wa vita wa zamani. Mama yake alikuwa binti wa mkulima wa Norway. Mtoto alizaliwa juu ya ardhi ya Norway, na mama Mnorway, akakulia Oslo, mji mkuu. Sheria ya wakati ule haikumpa uraia moja kwa moja. Kwa hiyo sauti ambayo dunia nzima imekubaliana kuiita ya Norway ilitoka kwa mtoto ambaye Norway yenyewe ilikuwa haijamwandika.

Mimi nilimjua kwa kaseti. Mgeni mmoja Mjerumani, mwalimu mstaafu aliyekuwa akirudi kila Disemba katika hoteli niliyokuwa nikipigia, alipenda kuketi karibu na jukwaa wakati wa chai ya jioni, saa ambayo bendi hupiga taratibu na mimi hupewa nafasi ya kupuliza nyimbo za taarabu bila mwimbaji. Mwaka mmoja aliniletea kaseti, akaniambia, "Hii ndiyo sauti ya Kaskazini." Niliisikiliza usiku ule katika chumba cha wafanyakazi nyuma ya jiko, na kilichonishika mwanzo kilikuwa ufundi. Wapulizaji wengi, nami nikiwamo, huiingia noti kutoka chini: tunaipanda kidogo, tunaitetemesha, tunaipamba, kisha tunaiacha. Huyu alikuwa anasimama juu yake moja kwa moja. Noti ilianza nyoofu, ikakaa nyoofu, na ilipokatika alinyamaza mpaka chumba kiimalize chenyewe. Kunyamaza kwa namna hiyo kunataka pumzi nyingi na moyo mgumu, maana mpulizaji akiwa kimya mbele ya watu, kila kilicho ndani yake humwambia ajaze nafasi.

Miaka mingi baadaye nilisoma habari za maisha yake, nikafika kwenye ile miaka saba, nikaweka kitabu chini. Mimi ni Mpemba wa Kilifi. Babu yangu alikuja na kusi akifuata samaki kabla Kenya haijapata uhuru, akajenga, akazikwa huku. Baba alizaliwa Kilifi, nami nikazaliwa Kilifi, na sote tuliishi bila kitambulisho mpaka serikali ya Kenya ilipowatambua Wapemba kuwa raia mwaka 2023. Baba hakuwahi kuuona mwaka huo. Kwa hiyo sizungumzi juu ya miaka saba ya Garbarek kama mtu anayesimulia ajabu ya mbali.

Turudi kwake. Mwaka 1961, akiwa na miaka 14, alisikia redioni kipande cha John Coltrane kiitwacho "Countdown". Nakuomba, msomaji, ukitafute ukisikilize, maana ni kifupi, hakifiki dakika mbili na nusu. Kinaanza na ngoma za Art Taylor peke yake. Kisha Coltrane anaingia na saksafoni yake ya tenor, na kwa muda mrefu wanakuwa wawili tu, ngoma na saksafoni, bila piano wala besi ya kuwaonyesha njia. Saksafoni inakimbia kupita kona baada ya kona ya mabadiliko ya sauti ambayo mpulizaji wa kawaida angeyataka kwa mwendo wa pole. Piano inajiunga baadaye sana, na wimbo wenyewe, ule ambao kwa desturi hutangulia, unatokea mwishoni kabisa. Mvulana wa Oslo alisikia hayo mara moja akaamua maisha yake. Hakupitia chuo cha muziki ili kujifunza saksafoni. Alijifundisha mwenyewe kwa kusikiliza. Mwaka uliofuata, 1962, alishinda shindano la wanajazi chipukizi, na milango ya kazi ikaanza kufunguka.

Nataka tusimame hapa kidogo. Coltrane alizaliwa mwaka 1926 katika mji wa Hamlet, jimbo la North Carolina, katika nchi iliyompa uraia kwa karatasi na kumnyima kwa vitendo: shule zake, mabehewa yake na viti vyake viligawanywa kwa rangi. Muziki wa mtu huyo ulivuka bahari kwa mawimbi ya redio, ukaingia katika nyumba ya mfungwa wa vita wa Kipolandi, ukamkuta mtoto wake. Theluji iko wapi katika habari hii?

Waliomkuza baada ya hapo nao hawakutoka katika milima ya Norway. Katikati ya miaka ya 1960, katika tamasha la jazi la Molde, mji ulio pwani ya magharibi, alisikika na George Russell. Russell alikuwa Mmarekani mweusi kutoka Cincinnati, mtunzi na mwananadharia ambaye kitabu chake cha mwaka 1953 kilibadilisha namna wanajazi wanavyofikiri juu ya skeli na kodi. Alihamia nchi za Skandinavia mwaka 1964, na huko akakusanya vijana wa Norway na Sweden, akawaandikia kazi ngumu kuliko walizowahi kuziona, na Garbarek akawa miongoni mwao. Kwa kijana aliyejifundisha kwa sikio, Russell ndiye aliyempa ramani.

Kisha Don Cherry. Huyu ninampenda kwa namna ya pekee. Mpiga tarumbeta aliyezaliwa Oklahoma, aliyesimama bega kwa bega na Ornette Coleman pale jazi ilipovunja kuta zake, kisha akaja kuishi Sweden na kuanza kukusanya filimbi, ngoma na nyimbo za kila taifa alilokutana nalo. Cherry ndiye aliyewahimiza Garbarek na wenzake watazame muziki wa kienyeji wa nchi yao, zile nyimbo za wakulima na wachungaji ambazo vijana wa mjini walizipita wakiziona ni mambo ya wazee. Kwa maneno mengine, Mnorway alielekezwa kwenye nyimbo za kwao na mgeni. Mwenyeji alikuwa amezikalia. Aliyetoka mbali ndiye aliyeuliza ziko wapi.

Mwaka 1969 Mjerumani Manfred Eicher alianzisha kampuni ya kurekodi ya ECM mjini Munich, na Septemba 1970 akaenda Oslo kumrekodi Garbarek. Matokeo ni albamu ya *Afric Pepperbird*, pamoja na Terje Rypdal kwenye gitaa, Arild Andersen kwenye besi na Jon Christensen kwenye ngoma. Anayemjua Garbarek kwa utulivu wake wa baadaye akiiweka albamu hii atadhani amepewa mtu mwingine. Saksafoni inakoroma, inapiga kelele, inararua. Unamsikia Albert Ayler ndani yake, unamsikia Pharoah Sanders, wote watu weusi wa Marekani waliokuwa wameifikisha saksafoni kwenye kilio. Kwa hiyo hata ile pumzi ndefu na ile noti nyoofu hakuzaliwa nazo. Alizifikia. Alipita kwanza kwenye moto.

Miaka mitatu baadaye akarekodi *Witchi-Tai-To* na mpiga piano Bobo Stenson wa Sweden, na hii, kwa maoni yangu, ndiyo albamu ya kumpa kijana yeyote anayetaka kujua saksafoni inaweza kubeba nini. Tazama nyimbo zilizomo. Jina la albamu ni la wimbo wa Jim Pepper, mpiga saksafoni wa asili ya Wahindi Wekundu wa Marekani, alioutoa katika uimbaji wa ibada aliorithi kwa babu yake. Kuna wimbo wa Carlos Puebla wa Cuba. Kuna wimbo wa Don Cherry unaonyooshwa hadi dakika ishirini hivi. Wanne waliocheza ni Wanorway na Waswidi. Hapo ndipo ile sauti ambayo watu huiita ya Kaskazini inaanza kusikika waziwazi, ikiwa imesimama juu ya nyimbo za Oklahoma na Havana.

Kutoka hapo mambo yalikwenda haraka. Keith Jarrett, mpiga piano wa Marekani, alimwita katika kundi lake la Ulaya. *Belonging* ya mwaka 1974 na *My Song* iliyorekodiwa 1977 bado zinapigwa na kusomeshwa, na mwaka 1979 kundi hilo lilirekodiwa likiwa jukwaani Tokyo. Mwaka 1976 alitengeneza *Dis*, ambamo kinubi kinachopigwa na upepo kinavuma chini ya saksafoni na gitaa la Ralph Towner. Alirekodi na Charlie Haden wa Marekani na Egberto Gismonti wa Brazil. Akapuliza na Zakir Hussain na Hariprasad Chaurasia wa India. Akarekodi na Anouar Brahem, mpiga udi wa Tunisia.

Hesabu ya kazi hizo, kwa mtu aliyeishi bila karatasi, husomeka kwa namna nyingine. Mimi naiona mipaka. Naona dirisha la uhamiaji, pasi inafunguliwa, mhuri unagongwa. Tokyo ni pasi. Munich ni pasi. Garbarek alipata uraia akiwa na miaka saba. Saksafoni ilipomwita akiwa na miaka kumi na minne, karatasi ilikuwa imeshatulia, na alipoitwa na dunia hakuna aliyemzuia. Bendi niliyokuwa nikipigia iliwahi kupata mkataba wa hoteli moja katika nchi za Ghuba. Wenzangu walipiga picha za pasi wakacheka jinsi walivyotoka. Mimi sikuwa na kitambulisho, na bila kitambulisho hakuna pasi. Kiongozi wa bendi alinishika mkono akaniambia, "Ndugu yangu, tutakutumia salamu." Walitafuta mpulizaji mwingine, na hawakukosea kufanya hivyo, kwani mkataba haumngoji mtu. Kwa miaka mingi ujira wangu wa hapa nyumbani ulipitia kwenye simu ya rafiki, maana hata laini ya simu sikuweza kuisajili kwa jina langu.

Jiulize ni nini kingebaki cha Garbarek kama angebaki alivyokuwa akiwa na miaka sita. Saksafoni ingekuwapo. Sikio lingekuwapo. Huenda wapenzi wa jazi wa Oslo wangemkumbuka kama kijana mmoja aliyekuwa akipuliza vizuri katika vilabu vyao.

Kuna upande wa kazi yake ambao waandishi wa theluji huutaja kwa kupita tu, nao ni jinsi alivyowatafuta wale ambao Norway iliwaweka pembeni. Kwa zaidi ya miaka mia moja serikali ya Norway iliendesha sera ya kuwageuza Wasami wa kaskazini wawe Wanorway: lugha yao ilifukuzwa shuleni, na uimbaji wao wa joik ukahesabiwa kuwa ushenzi na dhambi. Mfalme Harald aliwaomba radhi mwaka 1997. Kabla ya radhi hiyo, mwaka 1988, Garbarek alifungua albamu yake ya *Legend of the Seven Dreams* kwa sauti iliyojengwa juu ya joik. Ile iliyofuata, *I Took Up the Runes* ya mwaka 1990, inaanza na wimbo wa Mari Boine, mwimbaji wa Kisami, na ndani yake anasikika Ingor Ántte Áilu Gaup akiimba joik yenyewe. Vilevile alimwendea Agnes Buen Garnås, mlezi wa nyimbo za kale za mkoa wa Telemark, wakatoa pamoja *Rosensfole* mwaka 1989. Nyimbo za wachungaji wa Norway zilizaliwa kwa kazi: kuita ng'ombe, kuitana kutoka mlima hadi mlima. Nilipozisikia nilielewa ile noti nyoofu imeokotwa wapi. Wazee wetu nao waliitana hivyo kutoka dau hadi dau, na anayeita juu ya maji hana nafasi ya mapambo, maana pambo hupotea njiani na noti nyoofu hufika.

Na kuna *Ragas and Sagas*, iliyorekodiwa Oslo mwaka 1990 na Ustad Fateh Ali Khan, mwimbaji mkubwa wa Pakistan. Katika albamu hiyo kuna sauti ya msichana mdogo, Deepika Thathaal, aliyezaliwa Oslo kwa wazazi wahamiaji, mwanafunzi wa Ustad. Baadaye akajulikana kwa jina la Deeyah Khan na akawa mtengenezaji wa filamu za habari anayeheshimika kimataifa. Lakini akiwa msichana alitukanwa na kutishwa kwa sababu ya kuimba, mpaka akaihama Norway akiwa na miaka 17. Nikisikiliza rekodi hiyo nawasikia wawili wa Oslo, mtoto wa mfungwa wa Kipolandi na mtoto wa wahamiaji wa Kiasia, wakiimba mbele ya mzee kutoka Lahore. Hiyo nayo ni Norway, na nadhani ndiyo Norway iliyo kweli zaidi kuliko ile ya picha za kalenda.

Sasa *Officium*, iliyokuwa katika kaseti ya mwalimu yule. Hapa nitakawia.

Eicher alikuwa Iceland kwa ajili ya filamu, akisafiri kati ya maeneo mapana ya mawe yaliyomwagwa na volkano, na safarini alikuwa akisikiliza rekodi za Hilliard Ensemble, waimbaji wanne wa Uingereza waliobobea katika nyimbo za kanisa za karne za kati, pamoja na za Garbarek. Akawaza kuwakutanisha. Septemba 1993 walikutana katika nyumba ya watawa ya St. Gerold, katika milima ya Austria. Waimbaji walikuwa na nota zilizoandikwa mamia ya miaka iliyopita. Garbarek hakuwa na kitu kilichoandikwa. Albamu ilipotoka mwaka 1994 iliuza nakala zaidi ya milioni moja, idadi ambayo muziki wa Kilatini na saksafoni haukuwa umeiota.

Kipande kinachofungua albamu ni "Parce mihi Domine" cha Cristóbal de Morales, Mhispania wa karne ya 16, na maneno yake yanatoka katika Kitabu cha Ayubu, pale mja anapomwomba Mungu amwache apumue kwa kuwa siku zake si kitu. Sauti nne za kiume zinasogea pamoja, polepole, neno kwa neno. Kisha saksafoni inaingia. Nimeusikiliza mwingilio huo mara nyingi kuliko ninavyoweza kusema, na kila mara nasikia kitu kimoja: anapiga hodi. Hawafuniki waimbaji, hashindani nao, hawaonyeshi anavyojua. Anangoja kizingitini mpaka waimbaji wafike mwisho wa neno, anasema neno lake lisilo na herufi, anarudi nyuma. Anapopanda, hupanda kwa sababu wao wamemwachia nafasi. Kipande hicho kinarudi mara tatu katika albamu, na katika mara ya kati saksafoni haimo. Hapo ndipo unapojua alikuwa akifanya nini: sauti nne ni zilezile, nota ni zilezile, lakini yule aliyekuwa amesimama nje akiomba pamoja nao hayupo, na unaona pengo lake.

Mtu hujifunza wapi adabu ya namna hiyo? Siwezi kudai kwamba alijifunza katika ile miaka saba. Mtoto wa miaka saba hajui sheria za uraia. Lakini mtu yeyote aliyelelewa na mzazi mgeni anajua nyumba yake inavyokuwa. Kuna lugha ya mezani na lugha ya mlangoni. Mtoto hujua mapema kwamba kuwapo kwake mahali ni jambo ambalo mtu mwingine anaweza kuliuliza. Ndiyo maana nasema kwamba Garbarek, akiingia katika nyimbo za wengine, za Wasami, za Wapakistani, za watawa wa Ulaya ya kale, haingii kama mwenye nyumba.

Katika maonyesho yao walitembea. Waimbaji na mpulizaji walizunguka ndani ya makanisa wakipiga, sauti zikitoka nyuma, pembeni, chini ya dari. Waliendelea pamoja kwa miaka ishirini: *Mnemosyne* mwaka 1999, *Officium Novum* mwaka 2010 ikiwa na nyimbo za Komitas wa Armenia, mpaka Hilliard Ensemble walipofunga kazi yao London mwezi Disemba 2014.

Wapo wanaomlaumu, na lawama yao ina uzito. Husema kwamba jazi ya watu weusi, yenye jasho na mdundo wa mwili, aliichukua akaifua mpaka ikapauka. Kwamba sauti yake nzuri imekuwa muziki wa kuburudisha maduka na vyumba vya kukandia mwili. Sitawapinga kwa kila kitu. Kuna albamu zake za miaka ya 1990, *Visible World* ikiwa mojawapo, ambazo mimi huzipita; vinanda vya umeme vimelainisha kila kingo na saksafoni haina cha kusukumana nacho. Na deni lake kwa Coltrane, kwa Russell na kwa Cherry linapaswa kutajwa kila anapotajwa, tena kwa majina, kwa kuwa mazungumzo ya theluji hulifuta deni hilo kimyakimya. Ukisema sauti ilitoka katika milima, hudaiwi na mtu. Lakini mtu aliyejifunza kwa Coltrane hakulazimika kubaki mwigaji wake. Coltrane mwenyewe hakukaa mahali pamoja hata miaka miwili, na alipofariki mwaka 1967 akiwa na miaka 40 alikuwa mbali sana na alipokuwa akipiga "Countdown". Kumheshimu mtu wa namna hiyo ni kuendelea kutembea.

Mwaka 1998 mfalme wa Norway alimtunuku Garbarek nishani ya Mtakatifu Olav, heshima kubwa ya nchi hiyo. Nimefurahi naye. Nchi ilijua thamani ya mtu wake. Ila nishani hutolewa kwa mtu aliyekwisha kuonekana. Mtoto wa miaka miwili asiye na uraia hana albamu ya kumwonyesha karani.

Hapa kwetu Wamakonde wa Kwale walilazimika kutembea kwa miguu kuelekea Nairobi mwaka 2016 ndipo wakatambuliwa. Washona walifuata mwaka 2020, na sisi Wapemba mwaka 2023. Kila jamii ilihesabiwa peke yake, kwa tangazo la rais, baada ya vizazi vya kungoja. Nashukuru kwa siku yetu, na nilikipokea kitambulisho changu kwa mikono miwili nikiwa nimeota mvi. Lakini njia hii ya kabila baada ya kabila inamwacha nje kila mtoto ambaye jamii yake bado haijapata msemaji.

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 14, inasema mtoto akiokotwa nchini, akionekana hajafika miaka minane na wazazi wake hawajulikani, atahesabiwa kuwa raia wa kuzaliwa. Ni kifungu cha huruma na ninakiunga mkono kwa moyo wote. Lakini mtoto aliyezaliwa Kilifi leo usiku, mama yake yuko pale kitandani, baba yake yuko nje ya wodi, wote wawili wamezaliwa Kenya na wote hawana uraia wa nchi yoyote, hapati kinga hiyo, kwa kuwa wazazi wake wanajulikana. Atakua, atafika umri wa kuanza shule, ataulizwa cheti. Akiwa na sikio, atasikia kitu redioni akiwa na miaka 14, na hapo ndipo atakapogundua ni wapi hawezi kwenda.

Wabunge wetu wanaweza kuliondoa jambo hili kwa kuongeza sentensi moja katika Sheria ya Uraia na Uhamiaji ya mwaka 2011: kwamba mtoto anayezaliwa Kenya, ambaye bila hivyo angekuwa hana uraia wa nchi yoyote, ni raia wa Kenya tangu siku aliyozaliwa. Nawaomba wabunge wa Kwale, Kilifi na Lamu, ambao wanawajua watu hawa kwa majina na hununua samaki wao, wawe wa kwanza kuipeleka sentensi hiyo bungeni.